Kioo Kinachoona Mashimo

Shelui, Jumatano

Mama mpendwa,

Kuna mlio ambao haujanitoka masikioni tangu Jumapili ya wiki iliyopita. Ni mlio wa jiwe. Ulianzia mapajani mwangu, fyuu, ukapita hewani mbele ya watu watatu waliokuwa wameketi nami sebuleni, ukaishia ndani ya runinga, ta, kama kokoto iliyotua juu ya bati. Sote tuliusindikiza kwa macho. Hapakuwa na jiwe. Nilikuwa nimetelezesha kidole juu ya kioo, basi.

Nisamehe kwa kuanza na jiwe kabla ya salamu. Tumsifu Yesu Kristo, na shikamoo, Mama. Mgongo unaendeleaje? Skola aliniambia kahawa bado iko kwenye vichanja na kwamba mwaka huu dada mtu ndiye anayeamka kuigeuza, yaani yeye mwenyewe, na hataki mtu asahau. Mpe pole na umwambie nimesikia.

Na Baba je? Najua utasema hajambo. Kwenye simu huwa unasema hajambo, naye ameketi hapo hapo, simu iko kwenye spika, nami najibu "Namshukuru Mungu" kama kasisi msaidizi. Ndiyo sababu safari hii nimechukua kalamu. Bahasha hii inakuja kwa basi na Skola ataipokea stendi. Isome ukiwa peke yako.

Mimi ni mzima. Alizeti imeshavunwa huku, mashamba yamebaki vijiti, na upepo unaingia hadi kwenye sukari. Kidato cha nne nawafundisha mwanga: vioo, lenzi, jicho. Nikifika kwenye jicho, nikichora ubaoni ile lenzi ndogo na ukungu unaoweza kuifunika, mkono wangu unakuwa mzito. Wanafunzi wanadhani nachora polepole ili wanakili.

Sasa hilo jiwe.

Unawafahamu wenye nyumba wangu kwa maneno tu. Mzee Msengi aliendesha malori tangu ujana wake mpaka alipostaafu. Mkewe ni Mama Elipendo. Binti yao Elipendo anashona nguo pale barabarani, malori yanaposimama. Miaka kadhaa iliyopita mzee alinunua Dar es Salaam, kwenye vyombo vya umeme vya mtumba, kitu alichoambiwa ni runinga ya mkononi. Ni kipana kama sinia dogo la chai, kina kioo katikati na vitufe pembeni. Alitaka awe anaangalia taarifa ya habari akiwa amejilaza kwenye lori. Muuzaji akampa na boksi jeusi, akamwambia ni la chaji. Runinga ile ya mkononi haikuwahi kuonyesha hata uso wa mtangazaji mmoja. Mama Elipendo akaifunga kwenye kitambaa cha kudarizi akaiweka kabatini pamoja na vikombe vya wageni, na boksi akaliweka chini ya runinga kubwa ili iinuke kidogo. Likakaa hapo kama tofali.

Siku tuliyopaka chokaa sebule ndipo nilipolinyanyua boksi nikasoma maandishi ya mgongoni. Mama, ile si chaji. Lile boksi ndilo mashine yenyewe, mashine ya michezo ya runinga, na kile kioo ni mkono wake. Mzee alikuwa ametenga mkono na mwili, mmoja kabatini na mwingine chini ya mzigo, na kila siku anashangaa kwa nini mkono hauchezi.

Nilisoma habari zake kwenye simu siku mbili mfululizo, unajua nikishikwa na kitu. Walioitengeneza waliacha zamani. Kioo chake hakifanyi kazi na mashine nyingine ila ya aina yake, na kikivunjika, kupata kingine ni kazi. Ipo michezo iliyotungwa kwa ajili ya kioo hicho tu. Bila kioo mchezo unawaka, muziki unapiga, lakini huwezi kwenda popote. Nilikaa na jambo hilo muda mrefu. Kuna watu waliketi mahali wakatunga dunia nzima, na mlango wake wakauweka nje yake, mikononi mwa mtu.

Jumapili baada ya ibada tukaviunganisha. Ndani ya mashine kulikuwa na sahani moja ya mchezo, imesahauliwa humo na mwenyewe wa kwanza. Runinga ikawaka, ikaonyesha mlima wenye ukungu. Kioo mapajani mwangu nacho kikawaka, lakini hakikuonyesha mlima ule ule. Kilionyesha kisichoonekana kwenye runinga. Kilikuwa na picha ya jiwe; nikaitelezesha kwa kidole, na ndilo jiwe lile lililoruka likaingia kwenye runinga.

Sijui nikueleze vipi. Nilikiinua kioo kuelekea dari, nikaona nyota za dunia ile, wakati runinga inaonyesha ardhi tu. Nikasimama nikageuka polepole, nikaipa runinga mgongo, na mlima ukaendelea nyuma yangu, pale ukutani penye kalenda ya kanisa. Palikuwa na mti juu ya kabati la vikombe. Palikuwa na kijito kinachopita miguuni pa Mama Elipendo, naye alipochungulia kwenye kioo akanyanyua miguu. Mahali fulani mlango ulikuwa umezibwa na majani. Kioo kikaonyesha alama ya mdomo, nikakipulizia, na majani kwenye runinga yakatawanyika. Pumzi yangu, Mama. Nilipuliza hapa, yakatikisika kule. Mama Elipendo akasema kitu kwa Kinyiramba ambacho Elipendo alikataa kunitafsiria. Nilipotoka na kioo hadi mlango wa jikoni picha ikaganda, ikafifia, ikapotea. Nikarudi hatua mbili, ikarudi. Nilifanya hivyo mara tano, kama mtoto anayefungua na kufunga bomba. Nafundisha mawimbi ya redio kila mwaka. Sijawahi kusimama kizingitini nikaona ukomo wake kwa macho.

Mchezo wenyewe unataka watu wawili. Mmoja anashika padi ya kawaida ya vitufe, iliyokuja pamoja na boksi, na kumwongoza msafiri anayeshuka mlima kwenye runinga. Njia ina mashimo, lakini kwenye runinga hayaonekani, ukungu umeyafunika. Mwenye kioo ndiye anayeyaona, nayo yanang'aa kama sahani. Anayeona hawezi kutembea. Anayetembea haoni. Kilichobaki kati yao ni mdomo.

Mzee Msengi akasema mtu wa kutembea ni yeye. "Nimeshuka mlima Sekenke kabla ya lami, mvua inanyesha, breki za kuombea. Kilima hiki cha kioo kitanifanya nini?"

Elipendo akachukua kioo. Msafiri akaanza kushuka. Nilikuwa nimeinama begani kwa Elipendo, nikaliona shimo la kwanza.

"Baba, samahani," Elipendo akasema, "naomba kama unaweza..."

Msafiri akaanguka.

"Nini tena?" mzee akauliza.

"Kulikuwa na shimo, Baba."

"Sasa si useme!"

Mara ya pili akajitahidi zaidi. "Baba, samahani, mbele yako naona kama kuna..." Akaanguka. Mara ya tatu alifika kwenye "sama." Mama Elipendo akamnyang'anya kioo akisema mtoto huyu hana haraka hata ya kuolewa. Akakitazama, akakohoa, hapana, akasafisha koo namna anavyofanya akitaka kuzungumza na mumewe mbele za watu, akasema, "Baba Elipendo, hapo unapokwenda, mimi kwa mawazo yangu..." Mzee akaanguka na mkewe akiwa bado kwenye mawazo yake.

Nikachukua kioo mimi, mwalimu. Nikasema, "Mzee, shikamoo." Mama, sijui kwa nini. Nilikuwa nimemwamkia asubuhi. Ulimi ulikataa kuanza na "kushoto" kwa mtu mwenye umri wa Baba. Naye kwa adabu yake akaacha kubonyeza, akanigeukia, akaitika "Marahaba, mwalimu," na msafiri akateleza mwenyewe shimoni.

Pale mlangoni palikuwa na mgeni, dereva anayeitwa Shabani, ambaye lori lake lilikuwa linasubiri springi na amekuwa akija kumsalimu mzee, maana mzee ndiye aliyemfundisha kazi. Alikuwa ameshika fremu ya mlango, machozi ya kicheko yanamtoka.

"Mnamuua mzee kwa adabu!" akasema. "Wallahi, mnamzika hivi hivi!"

"Njoo basi wewe usiye na adabu," Mama Elipendo akamjibu.

Shabani akavua viatu, akaketi, akakipokea kioo kwa mikono miwili. Akakitazama kidogo. Halafu sauti yake ikabadilika kabisa, ikawa sauti ninayoisikia kila siku barabarani, ya utingo aliyesimama nyuma ya lori linalorudi.

"Njoo. Njoo, njoo, njoo. Kata kulia. Kata! Nyoosha. Njoo taratibu. Simama! Haya ruka. Njoo..."

Na mzee, Mama, mwili wake wote uliitika. Aliketi wima. Shingo ikajipinda kidogo kama mtu anayetafuta kioo cha pembeni. Hakuuliza wala hakujibu. Msafiri alipita kati ya mashimo sita kama maji, na mzee hakuwa ameona hata moja. Kwa muda ule hapakuwa na mkubwa wala mdogo humo ndani. Palikuwa na jicho na mguu.

Walipopumzika Elipendo akamwambia Shabani, "Umemwamuru baba yangu kama ng'ombe."

Mzee ndiye aliyemjibu. "Nyuma ya gari dereva hana umri, mama. Unaporudisha gari, utingo ndiye macho yako. Akianza na samahani, ameshakuua, au ameua mtoto wa watu. Mimi nilimfukuza mmoja kwa upole wake. Alikuwa kijana mzuri sana, ananiita baba. Akaniingiza mtaroni kwa heshima zote."

Wakacheka. Mimi nilicheka pia, kisha nikashindwa kuendelea, nikatoka uani nikajifanya naanua nguo.

Mama, nilikuwa naona shamba letu la bondeni. Unajua ninasema nini. Likizo ya Pasaka nilipokuja, Baba alikuwa ameshalaza nyasi kwa ajili ya ngoro, yale mashimo yetu ya kuzuia maji mteremkoni. Tangu nikiwa mdogo mistari ya Baba watu wanasimama barabarani kuitazama, miraba imekaa kwenye mteremko kama imepimwa kwa rula. Mwaka huu mistari ilikuwa imepinda. Mmoja ulikwenda mpaka katikati ukaparamia mwingine. Mahali pengine mraba ulikuwa haufungi. Wewe uliona, Skola aliona, nami niliona. Tulisimama watatu na majembe mabegani, kila mmoja akaangalia kwingine, halafu ukainama ukaanza kuchimba, nasi tukainama. Tulichimba mashimo yaliyopinda kwa uangalifu mkubwa, tukafukia nyasi vile vile zilivyolala, kwa sababu ni Baba aliyezilaza. Mvua ya wiki iliyofuata ikapita pale pale mraba usipofunga. Ikabomoa kingo, ikashusha udongo na maharage hadi mtoni. Baba akasimama juu yake akasema, "Mvua za siku hizi." Sote tukaitika, mvua za siku hizi.

Tangu hapo nimekuwa nikihesabu tunavyofanya. Kigoda chake hakisogezwi. Kikombe chake kinawekwa mkono ukielekea kwake. Skola anasoma somo kwa sauti eti anajifunza, ili Baba asilazimike kushika kitabu. Kila mtu humo ndani ameshika kioo na anaona mashimo, na hakuna anayesema, na tunaita kutosema kwetu heshima. Na mimi ndiye ninayefundisha jicho. Ninajua kuna ukungu wa jicho unaoondolewa na mtu akaona tena, na kuna magonjwa mengine yanayochukua kidogo kidogo, na kilichochukuliwa hakirudi. Sijui Baba ana lipi. Hakuna anayejua, na kila mwezi wa adabu zetu unaweza kuwa mwezi ambao hatutarudishiwa.

Nilirudi ndani nikaomba kioo. Mzee akanitazama, akasema, "Mwalimu, leo tumeshaamkiana." Nikasema, "Njoo." Sauti ilitoka nyembamba. "Kata kushoto. Simama!" Akasimama. Alisimama, Mama, mzee yule, kwa neno langu moja, na mbele ya miguu ya msafiri, mahali runinga ilipoonyesha ukungu tu, mimi niliona shimo lenye kina kisicho na mwisho. Nimewahi kusimama mbele ya wanafunzi sitini na kuwaambia waandike, wakaandika, na sikuwahi kujua neno lina uzito gani. Tulishuka mlima ule hadi chini. Ukungu ukafunguka, runinga ikaonyesha bonde lenye maji, na kwa mara ya kwanza runinga na kioo vikaonyesha kitu kimoja. Mzee aliweka padi chini polepole, kama anayeweka yai.

"Kumbe ilikuwa inaona," akasema, akikitazama kioo. "Miaka yote hiyo kabatini, ilikuwa inaona."

Sasa nifikishie salamu kabla sijasema lililobaki. Msalimie Shangazi Leokadia, mwambie vitenge alivyoniagiza nimeshaviona na ile rangi ya ugoro haipo. Msalimie Baba Mdogo Gaudensi, mpiga kengele wetu, na umwambie makanisa ya huku yanapiga kengele vizuri pia, akasirike kidogo. Skola umkumbatie. Mwambie sikumficha kwa ubaya.

Lililobaki ni hili. Kama Baba amekuwa kimya tangu Jumanne, si malaria, usimchemshie majani. Sababu ni mimi.

Jana nilimpigia saa ile mnapokuwa jumuiya. Alipokea mwenyewe. Shikamoo nilimpa, hiyo siwezi kuiacha. Halafu sikusema samahani na sikusema naomba. Nilisema, "Baba, huoni."

Nilisikia jogoo wetu nyuma yake, nikasikia na kigoda kinalia.

"Nani kakwambia?"

"Nyasi za ngoro, Baba. Mistari ilipinda."

"Mbona mlichimba?"

"Kwa sababu ni wewe uliyeilaza."

Nilitazama simu kuona kama imekatika.

"Mama yako aliona?"

"Aliona, Baba."

"Tangu lini?"

"Kabla yangu."

Ndipo akauliza jambo ambalo sikulielewa. "Basi kile kikohozi chake ni cha nini?"

"Kikohozi gani, Baba?"

"Tukishuka bondeni anatangulia. Kila penye kona anakohoa. Kila penye ukingo anakohoa. Nimekaa nikijua ni kifua. Tangu Pasaka nasali rozari nzima kila jioni, Mungu amponye mama yenu kifua."

Mama, sikujua kuhusu hicho kikohozi. Nilishika mdomo wangu hapo uani, na yeye kule akawa anapumua tu. Nadhani kila mmoja wetu alikuwa anakuona wewe ukitangulia kwenye njia ile.

Nikamwambia, "Jumatatu tunakwenda kwa daktari wa macho. Nimeshaandikisha jina lako. Utavaa koti. Nitatangulia mimi, na kila ngazi nitakuambia."

Alivuta pumzi kama anayetaka kunikaripia. Nilisubiri. Ningemwacha anikaripie, kisha ningesema tena.

"Saa ngapi?" akauliza.

"Saa kumi na mbili asubuhi."

"Nitakuwa nimeshavaa."

Mkuu wa shule amenipa ruhusa ya wiki nzima na vipindi vyangu amevichukua mwenzangu wa kemia. Kesho alfajiri naondoka, kwa hiyo huenda unaisoma barua hii nami niko njiani huko Njombe. Baba nimeshamwambia. Daktari anatusubiri. Uliyekuwa umebaki ni wewe.

Ni mimi binti yako,
Osmunda